Wanuri Kahiu na Haki ya Kutofundisha

Nilikuwa darasa la nne, Korogwe, siku gari la sinema lilipokuja shuleni kwetu. Walifunga shuka jeupe kwenye nguzo za goli, wakawasha jenereta, nasi tukakaa kwenye majani: watoto mbele, wazazi nyuma, wauza karanga pembeni na koroboi zao. Filamu yenyewe ilimhusu msichana wa shule aliyekubali lifti ya kijana mwenye pikipiki. Lifti ikaleta soda, soda ikaleta mimba. Akafukuzwa shule, baba yake akamrushia nguo uani, na picha ya mwisho ikamwonyesha akitembea peke yake barabarani, furushi kichwani. Shuka likabaki jeupe. Hata hatujashusha pumzi, bwana mmoja wa shirika lililoleta gari akashika kipaza sauti: "Haya, tumejifunza nini?" Mikono ikanyooka. Aliyejibu vizuri alipewa kofia.

Sikujua wakati ule kwamba swali lile lilikuwa na umri wa zaidi ya nusu karne, na kwamba lilizaliwa juu ya milima ile ile tuliyokuwa tukiiona kutoka uwanjani. Kati ya 1935 na 1937, pale Vugiri, Usambara, Waingereza waliendesha mradi wa kutengeneza filamu za kuwaelimisha Waafrika, kwa fedha za mfuko wa Carnegie wa Marekani. Zilitengenezwa filamu kama 35 hivi, zikazungushwa kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda, hadi Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Safura, kodi, akiba ya posta. Katika ile ya akiba, kibarua mmoja anafukia mshahara wake ardhini na mwizi anaufukua. Mwenzake anaupeleka posta na mambo yanamnyookea. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na guu lenyewe lazima lionekane likivunjika. Kwa watu wengi wa Afrika Mashariki, sinema iliingia kijijini na chaki mkononi.

Nimeanza mbali kwa sababu bila hayo sidhani kama kazi ya Wanuri Kahiu inaeleweka. Mwongozaji huyu wa Kenya, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1980, amefanya filamu ya msiba wa taifa, filamu ya hali halisi kuhusu Wangari Maathai, hadithi ya kisayansi ya siku zijazo, kitabu cha watoto kuhusu kijana wa Turkana anayeota kushindana mbio za ngamia, mapenzi ya wasichana wawili yaliyofika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, filamu nyepesi ya Netflix iliyopigwa Texas, na baadhi ya vipindi vya tamthilia ya Washington Black iliyotoka mwaka 2025. Wanaomsifu humwita msanii wa pande nyingi, wakaishia hapo. Mimi naona mtu anayehama chumba hadi chumba kwa sababu kila anapoingia anakuta ubao umeshatundikwa na watu wanasubiri somo.

Chukua filamu yake ndefu ya kwanza, From a Whisper, iliyokumbuka miaka kumi ya bomu la ubalozi wa Marekani jijini Nairobi. Tarehe 7 Agosti 1998 watu zaidi ya 200 walikufa pale, na asubuhi hiyo hiyo bomu jingine likaua watu 11 Dar es Salaam. Mada ya namna hii huja na hotuba yake mkononi. Kahiu akamfuata Tamani, msichana msanii anayegundua kwamba baba yake amemficha ukweli kuhusu kifo cha mama yake, na Abu, afisa wa usalama Mwislamu aliyekuwa rafiki wa mmoja wa walioshambulia. Mwaka 2009 filamu hiyo ilimpatia tuzo za mwongozaji bora na muswada bora katika tuzo za Africa Movie Academy. Ni kazi ya mwanzo na ina uzito wa mwanzo. Mahali pengine wahusika wanazungumza kama wanaosoma risala. Lakini jicho lake tayari linaonekana. Wengine wangeuliza nani alaumiwe. Yeye anauliza nyumba inaishije baada ya msiba, na watu wanadanganyanaje kwa upendo.

Mwaka huo huo akaruka mbali kabisa. Pumzi ni filamu ya dakika 20 na kidogo, na mpaka leo naiona kuwa kazi yake bora kupita zote.

Dunia imekauka baada ya vita vya maji. Watu wa jamii ya Maitu, neno ambalo kwa Kikuyu ni mama, wanaishi ndani ya jengo lililofungwa mahali fulani Afrika Mashariki. Maji ni ya mgawo. Asha, anayetunza makumbusho ya viumbe vilivyotoweka, akienda haja ndogo mkojo wake unachujwa ukawa maji ya kunywa. Akijifuta jasho, analikamua kwenye chupa tone kwa tone. Wakubwa wa Baraza hawafungui midomo, sauti zao zinatoka kwenye mashine. Kuota ni kosa, na ukiota unaamriwa umeze kidonge. Siku moja anapokea udongo uliotumwa na mtu asiyejitaja. Anauweka karibu na pua. Sekunde zile nimezirudia mara nyingi: mwigizaji, Kudzani Moswela, anavuta ile harufu kama mtu aliyeshuka basi kijijini kwao mvua za kwanza zinapogonga vumbi, na papo hapo anaona mti.

Kwa karatasi, hii ni filamu ya mazingira, na ndivyo ilivyosomwa na wengi. Haikukosa wafadhili wa nje pia: mradi wa Africa First wa kampuni ya Focus Features, uliokuwa ukiwapa waongozaji wa Kiafrika dola 10,000 kila mmoja, pamoja na Goethe-Institut, taasisi ya utamaduni ya Ujerumani. Januari 2010 ikaonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani. Lakini itazame mpaka mwisho. Asha anatoroka na mbegu, anatembea jangwani, anachimba shimo kwa mikono, anaimwagilia maji yake ya mwisho na jasho lake, kisha anajilaza juu yake kuifanyia kivuli. Mti unaota. Ameshinda au amekufa? Ametii nini na amevunja nini? Filamu haisemi. Ningeulizwa pale uwanjani tumejifunza nini, nisingenyoosha mkono, na hata hivyo ule mti nisingeusahau.

Baadaye Kahiu aliipa fikra yake jina: Afrobubblegum. Alilieleza kwenye jukwaa la mihadhara la TED mwaka 2017, na maana yake ni sanaa ya Kiafrika yenye raha, ukali na mbwembwe, isiyobeba ajenda ya mtu. Alipendekeza kila kazi ipimwe kwa maswali matatu. Je, ndani yake kuna Waafrika wawili au zaidi walio na afya? Je, hao hao wana kipato cha kutosha kiasi kwamba hawahitaji kuokolewa? Je, wanafurahia maisha? Ukiyasikia mara ya kwanza unaweza kudhani ni mzaha. Chukua filamu kumi za kwetu zilizopata fedha za wahisani uzipitishe kwenye maswali hayo, kisha urudi tuzungumze.

Najua pingamizi. Watu ninaowaheshimu wananiambia kwamba hayo ni maneno ya mtu aliyeshiba, kwamba nchi yenye shida haina nafasi ya sinema ya mbwembwe, na kwamba hata sisi Waswahili sanaa yetu ni ya mafunzo tangu zamani. Mwana Kupona alimtungia binti yake utendi mwaka 1858 akimwelekeza namna ya kuishi. Ngano za bibi zina funzo mwishoni. Kweli kabisa. Lakini ukweli huo ni nusu. Abunuwasi hajawahi kumfundisha mtu adabu. Anamzunguka mfalme, anakula vizuri, anaondoka zake, na sisi tumemcheka na kumpenda vizazi na vizazi. Siti binti Saad aliposafiri kwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi sahani za santuri, hakwenda kufundisha kuchimba vyoo. Taarabu ni mapenzi, wivu, kijembe na mafumbo. Kanga ina utani kiunoni. Wepesi ni mali yetu ya zamani, na ulipokonywa kwenye chombo kimoja tu, kile chombo kilichokuja kwa lori.

Tena Mwana Kupona alikuwa mama akisema na mwanawe. Aliyemfundisha hakuwa mgeni mwenye bajeti na ripoti ya kupeleka makao makuu.

Hapa ndipo neno "huru" linaponisumbua. Tunamwita Kahiu mtengeneza filamu huru, lakini huru kwa nani? Nairobi hakuna studio kubwa ambayo mtu angejitenga nayo. Anayetaka kutengeneza filamu ndefu anachangisha, na wachangiaji kila mmoja ana dirisha lake: hili la afya, lile la utawala bora, lile la wanawake, lile la mabadiliko ya tabianchi. Mwongozaji anajifunza kuandika andiko la mradi kabla hajajifunza kuandika mazungumzo. Kwa hiyo kuwa na pande nyingi, kwa mtu wa kwetu, si suala la kipaji peke yake. Ni namna ya kupita. Dirisha likifunguka kwa hadithi fupi za majiji ya Afrika, kama ule mradi wa African Metropolis wa 2013, unaingia na hadithi fupi. Mkenya mwenzake Kahiu, Jim Chuchu, alipeleka Homecoming, ambamo kijana anahangaika na mapenzi ya jirani yake. Uhuru wa mwongozaji upo kwenye hicho anachokipenyeza ndani akishaingia. Ndiyo maana nampima kila mwongozaji kwa kitu kimoja: amebadilisha kila kitu, je, nini hakijabadilika? Kwa Kahiu hakijabadilika hiki, kwamba hakubali kumwadhibu mhusika wake ili mtazamaji aende nyumbani ameridhika.

Na hapo ndipo serikali ilipomkamatia.

Rafiki, ya mwaka 2018, imetokana na hadithi fupi ya Monica Arac de Nyeko wa Uganda iliyoshinda tuzo ya Caine ya hadithi fupi za Kiafrika mwaka 2007. Ilimchukua miaka mingi kukusanya fedha, na zikatoka Afrika Kusini na nchi kadhaa za Ulaya. Kena, anayechezwa na Samantha Mugatsia, anateleza mtaani na sketibodi, anamsaidia baba yake dukani. Ziki, anayechezwa na Sheila Munyiva, ana nywele za rangi kama pipi. Baba zao wanagombea kiti kimoja cha udiwani. Wasichana wanapendana. Wasomaji wengi wa safu hii hawatakubaliana na mapenzi hayo, nami siandiki leo kuwabadilisha. Naomba tu tutazame pamoja filamu ilivyotengenezwa, kwa sababu inafaa kutazamwa.

Nairobi ya filamu hii inang'aa. Nguo zimeanikwa kwenye kamba, soda ni nyekundu, matatu limetelekezwa kwenye nyasi na wasichana wamelitia mapazia na maua, wakajifanyia chumba. Mama Atim, mwenye kibanda, anajua habari za kila mtu kabla mwenyewe hajazijua. Huu ndio mtaa ambao sisi tunaoishi mijini tunaujua na ambao sinema ya wahisani haijawahi kuuona, kwa sababu hauna mtu wa kuokoa. Kuna dakika Kena anamwambia Ziki kwamba anataka kuwa nesi, na Ziki anamuuliza kwa nini asiwe daktari. Si hotuba. Ni mtu anayempenda mwenzake anashangaa kwa nini ameota kidogo hivyo.

Udhaifu wake ni pale inapoingia kwenye njia iliyozoeleka: kundi la watu linawapiga, mchungaji anafanya maombi ya kukemea pepo, mama analia. Nusu saa hiyo ningeweza kuikisia kabla sijaiona. Ni kama Kahiu mwenyewe, kwa muda, amekubali kutundika ubao. Kisha anaushusha. Miaka inapita, Ziki anarudi, na filamu inakwisha kwa mkono unaogusa bega.

Bodi ya kuainisha filamu ya Kenya iliipiga marufuku Aprili 2018, wiki chache kabla haijaonyeshwa Cannes kama filamu ndefu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa katika tamasha hilo. Kahiu ameeleza hadharani kilichotokea kabla ya hapo: aliombwa abadilishe mwisho. Ulikuwa na matumaini mno. Ilitakiwa msichana aonekane anajuta. Alikataa.

Nilipolisoma hilo nilirudi moja kwa moja kwenye lile shuka la Korogwe. Ugomvi mzima, pamoja na kelele zote zilizopigwa pande zote mbili, ulifika kwenye picha ya mwisho: furushi kichwani au mkono begani. Na sheria iliyotumika, ile Sura ya 222 ya filamu na michezo ya jukwaani, ilitungwa mwaka 1962, mkoloni akiwa bado yupo. Lori la Vugiri liliondoka, dereva akaacha ufunguo.

Kahiu akaenda mahakamani. Tarehe 21 Septemba 2018 Jaji Wilfrida Okwany akaruhusu ionyeshwe kwa siku saba, kwa watu wazima, ili iweze kuwania nafasi ya Oscar. Kwa siku hizo saba ukumbi wa Prestige wa Nairobi ulijaa, tiketi zikaisha, maonyesho yakaongezwa, na watu wakatazama filamu ya Kikenya kwa kupanga foleni na kulipa pesa zao wenyewe. Hakuna shirika lililowabeba. Kamati ya Kenya hatimaye ilipeleka Oscar filamu nyingine, Supa Modo ya Likarion Wainaina, ambayo nayo ni nzuri sana. Mwaka uliofuata Mugatsia akatwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kike FESPACO, Ouagadougou, tamasha la Waafrika wenyewe. Aprili 2020 Mahakama Kuu ikakubaliana na bodi.

Nasikitika kusema kwamba wengi waliomtetea nje nao walifanya filamu hiyo kuwa somo. Makala nyingi nilizosoma zilizungumzia marufuku, sheria, haki, ujasiri. Chache sana zilizungumzia rangi ile ya waridi, au jinsi kamera inavyochezea jua la saa kumi jioni. Mwongozaji aliyeomba wepesi alifanywa kuwa ishara, na ishara hazichezi.

Kisha ikaja simu kutoka Marekani. Look Both Ways ilitoka Netflix Agosti 2022. Natalie, msichana Mzungu anayechezwa na Lili Reinhart, anapima mimba bafuni usiku wa mahafali ya chuo kikuu, na hadithi inagawanyika. Katika maisha ya kwanza ana mimba, anarudi kwa wazazi wake Austin na kulea. Katika ya pili hana, anahamia Los Angeles kutafuta kazi ya katuni. Simulizi mbili zinapishana kwa karibu saa mbili bila mtazamaji kupotea, na hiyo si kazi ndogo. Ni mkono wa mtu aliyekomaa. Filamu yenyewe ni ya kawaida. Wahusika wamesafishwa mno, mazungumzo yanateleza bila kuacha alama, na mtaa wenye Mama Atim haupo.

Nilimaliza kuitazama nikakaa kimya muda mrefu kwa sababu nyingine. Natalie hajaadhibiwa. Amepata mimba ya usiku mmoja, hajaolewa, hana kazi, na maisha yake hayakuvunjika. Yamekuwa magumu, yakapinda, yakanyooka. Yule mwingine asiye na mimba naye amefika alikofika. Nairobi, Kahiu alinyimwa mwisho mmoja wenye tumaini. Miaka minne baadaye Hollywood ikampa miwili, yote mizuri, na hakuna ofisi iliyomuuliza kwa nini. Kile alichokipigania kwa ajili ya Kena na Ziki, na Asha kabla yao, alikabidhiwa bila vita alipokubali kukielekeza kwenye uso usiofanana na wetu.

Simlaumu hata chembe. Mtu hula anapofanyia kazi, na anayebaki akisubiri dirisha lake lifunguke anaweza kuzeeka akisubiri. Ninaowalaumu ni sisi: wizara zinazozungumzia sinema kama chombo cha uhamasishaji, wahisani wanaotaka idadi ya waliofikiwa na ujumbe, vituo vya televisheni vinavyotaka kupewa filamu bure, na sisi waandishi ambao kila tukimhoji mwongozaji swali letu la kwanza ni ujumbe wa filamu yako ni nini. Nimeliuliza swali hilo mwenyewe, si mara moja.

Mwishoni mwa Look Both Ways, Natalie wote wawili wanarudi, miaka mitano baadaye, kwenye nyumba ile ile ya chuoni walikopimia. Anaingia bafuni, anajitazama kwenye kioo, anajiambia kwamba yuko sawa. Nilimkumbuka yule msichana mwenye furushi. Hakupewa hata jina, au alipewa nami nimelisahau. Barabara ile ilikuwa ya lami, na upande wa kulia palikuwa na mkonge, kwa hiyo haikuwa mbali na kwetu. Nimejiuliza miaka yote alifika wapi usiku ule, nani alimfungulia mlango, na mtoto alikuwa wa kike au wa kiume.